Kinubi, Lugha Iliyozaliwa Kambini

Ndugu msomaji, hebu tuhesabu pamoja kutoka moja mpaka kumi. Lakini leo hatutahesabu kwa Kiswahili. Tutahesabu hivi: wai, tinin, talata, arba, kamsa, sita, saba, tamanya, tisa, ashara.

Bila shaka umetambua namba tatu: sita, saba na tisa. Hizo tunazo hata sisi. Kiswahili kilizipata kwa Waarabu waliofika pwani kufanya biashara. Namba zile nyingine nazo zina asili ya Kiarabu. Lakini mtu anayehesabu hivyo si Mwarabu. Ni Mnubi. Huenda ni mama wa Kibera, katika jiji la Nairobi. Huenda ni mzee wa Bombo, mji mdogo ulio kaskazini ya Kampala. Lugha yake huitwa Kinubi.

Ukimwambia Mwarabu wa Misri asikilize Kinubi, atasikia neno hapa na neno pale. Mazungumzo yatampita. Na Mnubi akisikiliza Kiarabu cha redio, naye atapata shida hiyo hiyo. Je, lugha yenye maneno ya Kiarabu, ambayo Mwarabu haielewi vizuri, ilitoka wapi? Na wenyewe walifikaje Kenya na Uganda? Maswali haya mawili yana jibu moja, nalo ni habari ya jeshi.

Kabla ya kuendelea, tuondoe jambo moja linalowachanganya watu wengi. Wako watu wanaoitwa Wanubia. Hao wanakaa kando ya mto Nile, kusini ya Misri na kaskazini ya Sudan. Wana lugha zao za kale sana, ambazo si Kinubi. Wako pia Wanuba, watu wa vilima vya Nuba katika Sudan. Baadhi ya babu za Wanubi walitoka katika vilima hivyo, lakini wengine wengi walitoka mbali zaidi kusini. Jina la Nubi lilibandikwa juu ya askari weusi wote waliotoka Sudan, bila kujali kabila. Mwishowe jina likawa lao kweli.

ASKARI WASIOJITOLEA

Mwaka 1820 mtawala wa Misri, Muhammad Ali, alituma jeshi kuiteka Sudan. Alitaka dhahabu. Alitaka pia watu wa kuwafanya askari. Jeshi lake lilivamia vijiji na kukamata vijana. Walifungwa, wakatembezwa kwa miguu jangwani siku nyingi mpaka kusini ya Misri. Huko walifundishwa kushika bunduki. Wengi walikufa kabla ya kuvaa sare.

Baadaye, katika miaka ya 1850, wafanya biashara wa Khartoum walizidi kwenda kusini kwa kufuata mto Nile. Walitafuta pembe za ndovu na watumwa. Kila walipofika walijenga boma la miiba. Boma la namna hiyo waliliita zariba. Ndani ya zariba kulikuwa na bunduki, ghala la pembe, askari wa kukodiwa, na watu waliotekwa. Mwaka 1871 serikali ya Misri ilitangaza kwamba nchi hiyo ya kusini ni jimbo lake. Ikaliita jimbo la Ikweta. Leo sehemu kubwa ya nchi hiyo imo katika Sudan Kusini, na sehemu nyingine imo kaskazini ya Uganda.

Sasa fikiri kwamba wewe uko ndani ya boma kama hilo. Umekamatwa ukiwa kijana wa miaka kumi na mitano. Wewe ni Mbari. Kulia kwako amelala Mmakaraka. Kushoto kwako yuko Mmundu. Mbele yako yuko Mdinka, ambaye babu yake na babu yako walikuwa wakipigania ng'ombe. Hakuna hata mmoja anayejua lugha ya mwenziwe. Asubuhi anakuja afisa kutoka kaskazini. Anatoa amri kwa Kiarabu. Asiyeelewa amri hupigwa.

Utafanya nini? Utajifunza maneno upesi. Njoo. Nenda. Maji. Kuni. Bunduki. Simama. Hakuna mwalimu wala kitabu. Hakuna mtu wa kukuambia kwamba umekosea sarufi, na kwa kweli hakuna anayejali. Kitu kinachotakiwa ni kueleweka tu. Jioni, amri zikiisha, unataka kuongea na yule Mmakaraka. Utaongea naye kwa lugha gani? Kwa maneno yale yale ya afisa, lakini mtayapanga mnavyoweza ninyi wenyewe.

Askari hao walioa, au walipewa wanawake waliotekwa. Mara nyingi mume alikuwa wa kabila moja na mke wa kabila jingine. Nyumbani nako walitumia lugha ya kambini. Kisha watoto wakazaliwa. Kwa baba na mama, ile ilikuwa lugha ya kujifunza ukubwani, lugha ya kuungaunga. Kwa mtoto ilikuwa lugha ya mama. Aliinyonya pamoja na maziwa. Aliijaza, akainyosha, akaifanya iweze kusema kila jambo: hasira, hadithi, mzaha, dua, matusi. Wataalamu wa lugha huita lugha iliyozaliwa namna hii krioli. Mimi naona heshima kubwa ni ya wale watoto na mama zao, ingawa vitabu vya historia vimeandika zaidi majina ya maafisa.

KINUBI KILIVYO

Tuitazame lugha yenyewe kidogo. Katika Kinubi, ana maana yake ni mimi. Ita ni wewe. Uwo ni yeye. Ina ni sisi. Neno rua ni kwenda.

Mnubi akisema "ana rua", amesema nimekwenda. "Ita rua" ni umekwenda. "Ina rua" ni tumekwenda. Umeona? Neno rua halibadiliki. Sisi katika Kiswahili tunabadilisha mwanzo wa neno: ni-, u-, tu-, wa-. Mwarabu naye hubadilisha neno lake, tena huangalia kama anayetajwa ni mwanamume au mwanamke. Mnubi hafanyi hivyo. Ameliacha neno lisimame lilivyo.

Akitaka kusema ninakwenda, huongeza kitu kidogo tu: "ana gi rua". Akitaka kusema nitakwenda, husema: "ana bi rua". Na akitaka kukana, huweka neno ma mwishoni. "Ana arufu" ni najua. "Ana arufu ma" ni sijui. Mtu akisikia mara moja anaweza kudhani lugha hii ni nyepesi. Si nyepesi. Ina mambo yake. Sauti ikipanda mahali pasipo pake, maana inaweza kubadilika, na mgeni huchekwa.

Maneno mengi ya Kinubi, karibu tisa katika kila kumi, yana asili ya Kiarabu cha Sudan. Mengine yalitoka katika lugha za kusini. Na tangu Wanubi wafike Kenya na Uganda wameokota maneno ya Kiswahili kwa wingi. Sauti za kooni za Kiarabu wameziacha, kama sisi tulivyoziacha.

Kwa hiyo Mswahili akisikiliza Kinubi hudhani ameelewa, kumbe hajaelewa. Mnubi akikuomba moyo, usishtuke. Moyo kwa Kinubi ni maji. Akisema jua, hasemi habari ya jua la mbinguni, anasema nyumba. Na neno tena si tena yetu. Maana yake ni yetu, kama kusema ya kwetu. Basi "jua tena" kwa Kinubi ni nyumba yetu.

Maneno hayo mawili, nyumba yetu, yamewapa Wanubi taabu ya miaka zaidi ya mia moja. Tuendelee na safari yao tuone.

WALIOACHWA ZIWANI

Mwaka 1881 mtu mmoja wa Sudan, Muhammad Ahmad, alijitangaza kuwa Mahdi, akaanza vita ya kuitoa serikali ya Misri. Januari 1885 mji wa Khartoum ulianguka mikononi mwa watu wake. Njia ya mto ikafungwa. Askari wa jimbo la Ikweta wakabaki kusini peke yao. Hapakuwa na mshahara, barua, nguo wala risasi mpya. Gavana wao alikuwa daktari Mjerumani aliyeitwa Emin Pasha. Walipanda pamba, wakafuma nguo zao wenyewe, wakaendelea kupiga baragumu kila asubuhi kama kwamba serikali yao bado ipo.

Mwaka 1888 Stanley, msafiri maarufu, alifika kutoka Kongo ili kumwokoa Emin. Askari wengi hawakutaka kuondoka. Walikuwa na wake, watoto na mashamba, na walishuku kwamba wanapelekwa utumwani. Mwaka 1889 Emin na Stanley waliondoka na watu wachache, wakafika Bagamoyo mwezi wa Desemba. Askari wengine walibaki upande wa magharibi wa Ziwa Albert, mahali palipoitwa kwa Kavalli. Mkubwa wao alikuwa Selim Bey, naye alikuwa Mwafrika wa Sudan kama wao.

Miaka miwili baadaye, mwaka 1891, alitokea Mwingereza, Kapteni Lugard. Alikuwa akitumikia kampuni ya Kiingereza iliyotaka kuishika Uganda, na alihitaji askari. Akasikia kwamba ziwani wako askari waliofunzwa, wasio na bwana. Selim Bey alimwambia kwamba wao bado ni watu wa Khedive, yaani mfalme wa Misri, na kwamba hawezi kubadili bendera bila ruhusa yake. Mwishowe walipatana. Walitoka askari kama 600, na pamoja nao maelfu ya wanawake, watoto na watumishi. Kila mmoja alibeba chake. Hivyo ndivyo Kinubi kilivyoingia Uganda, kwa miguu, na sehemu kubwa kikiwa vinywani mwa akina mama na watoto.

Waingereza waliwatumia askari hao bila kuwapumzisha. Walipelekwa Bunyoro, wakapelekwa Buganda, wakapelekwa tena kwingine. Mshahara wao ulikuwa mdogo kuliko wa wapagazi wa pwani. Mara nyingi ulilipwa kwa nguo badala ya fedha, tena ulichelewa miezi mingi. Septemba 1897 waliamriwa kwenda safari nyingine ndefu ya kaskazini, na kuwaacha wake zao nyuma. Kundi moja likakataa. Wakarudi magharibi, wakaiteka ngome ya Lubwa katika Busoga. Walipigana na Waingereza kwa miezi mingi, na watu wengi walikufa pande zote mbili. Waasi walishindwa. Lakini Waingereza hawakuweza kuendelea bila askari Wanubi, na wale waliobaki watiifu walitumika tena.

Hapa inafaa tukumbuke kwamba hata nchi yetu ilipata askari wa Sudan, kwa njia nyingine. Mwaka 1889 Mjerumani Wissmann aliandika askari Wasudani kama 600 huko Cairo, akawaleta pwani ya Tanganyika kupigana na Abushiri. Hao nao walikuwa wametoka katika jeshi la Misri. Basi Mwingereza na Mjerumani walichota kisima kimoja.

MSITU ULIOGEUKA MJI

Mwaka 1902 majeshi ya Kiingereza ya Afrika Mashariki na Nyasa yaliunganishwa kuwa jeshi moja, King's African Rifles. Wazee wetu waliliita Keya. Wanubi walikuwa uti wa mgongo wa Keya katika miaka ya mwanzo. Lakini askari huzeeka. Akizeeka aende wapi? Babu yake alikamatwa katika kijiji ambacho hata jina lake limesahauliwa.

Kuanzia mwaka 1904 hivi, Waingereza waliwaruhusu askari wazee na jamaa zao kukaa katika msitu uliokuwa karibu na Nairobi. Wanubi waliuita kibra, neno lao la msitu. Watu wengine wakatamka Kibera. Mwaka 1918 serikali ilipima mahali hapo na kutangaza ekari 4,197 kuwa ardhi ya jeshi. Wanubi walifyeka, wakajenga, wakalima mahindi na maharagwe, wakafuga ng'ombe. Vijiji vingine vya Wanubi vilikuwapo Kibigori, Mumias, Eldama Ravine na kwingineko, na katika Uganda walikaa Bombo, Entebbe, Hoima, Gulu na Arua.

Tatizo lilikuwa moja. Walipewa ruhusa ya kukaa. Hawakupewa hati ya kumiliki. Ruhusa ni kitu cha kutolewa na cha kunyang'anywa. Katika miaka ya 1930 tume ya serikali ya kikoloni ilisema kwamba Wanubi wa Kibera ni wapangaji tu, wanaoweza kuondolewa serikali ikitaka. Watu waliopigana vita vya Mwingereza mwaka 1914 mpaka 1918 waliambiwa hivyo, na vijana wao wakaitwa tena katika vita vya pili vya dunia.

Uhuru wa Kenya ulipopatikana mwaka 1963, ardhi ile ikawa ya serikali mpya. Mitaa ya nyumba za kisasa ilijengwa juu ya mashamba ya Wanubi. Watu wengi kutoka mikoani walihamia Kibera kutafuta kazi, wakapanga vyumba. Hao nao ni wananchi wenye shida zao, si maadui. Lakini ekari za Wanubi zilizidi kupungua.

Pamoja na ardhi kulikuwa na jambo la kitambulisho. Kijana wa Kenya akifika miaka kumi na minane hupewa kitambulisho. Bila hicho hapati kazi ya maana, hafungui akaunti ya benki, hapigi kura. Kijana wa Kinubi aliitwa kwanza mbele ya kamati, akaulizwa maswali ambayo majirani zake hawakuulizwa. Alete cheti cha babu. Aeleze alikotoka. Wengine walingoja miaka. Malalamiko yalipelekwa kwa Kamati ya Wataalamu ya Afrika inayosimamia haki za watoto. Mwaka 2011 kamati hiyo iliamua kwamba Kenya ilivunja haki za watoto wa Kinubi, kwa kuwa mtoto ana haki ya kuwa raia tangu kuzaliwa.

Mwaka 2017 serikali ya Kenya iliwapa Wanubi wa Kibera hati ya ardhi, imilikiwe na jamii nzima. Hati hiyo ni ya ekari 288. Hebu chukua kalamu, toa 288 katika 4,197, uone zilizobaki nje ya hati ni ngapi. Hata hivyo wazee walisherehekea, na wana haki ya kusherehekea. Ilikuwa mara ya kwanza kwa Wanubi wa Kibera kushika karatasi ya namna hiyo.

Katika Uganda mambo yalikwenda njia nyingine. Idi Amin, aliyetawala tangu 1971, alikuwa na Wanubi wengi katika jeshi lake. Wako waliotenda maovu, na wako wengi zaidi ambao hawakuwa na hatia yo yote. Amin alipoangushwa Aprili 1979, jina la Mnubi likawa la hatari. Mtu aliyesikika akisema Kinubi njiani aliweza kupoteza maisha yake. Watu walikimbilia Sudan, Zaire na Kenya, na wengine walianza kujiita majina ya makabila mengine. Waliokimbia walirudi pole pole baadaye, na katiba ya Uganda ya mwaka 1995 imewataja Wanubi katika orodha ya makabila ya nchi hiyo.

LUGHA NYUMBANI

Leo Mnubi wa Kibera huzungumza Kiswahili sokoni na shuleni, na watoto wake wanajua Kiswahili cha mitaani vizuri kuliko mimi. Mnubi wa Bombo huzungumza Kiganda na majirani. Kinubi hukaa zaidi ndani ya nyumba, msikitini baada ya sala, na hasa katika harusi. Hapo wanawake huvaa gurbaba, nguo yao ya heshima, na ngoma ya doluka hupigwa mpaka usiku mwingi. Anayetaka kusikia Kinubi kizuri na aende jikoni, akae karibu na bibi anayepika kisra, mkate mwembamba wa asili ya Sudan.

Kinubi kina ndugu yake pia. Katika Sudan Kusini, iliyopata uhuru mwaka 2011, watu wengi huzungumza Kiarabu cha Juba, ambacho kilitoka katika kambi zile zile za zamani. Mnubi mzee akifika Juba huelewana na watu wa huko vizuri, ingawa hucheka kila mmoja akisikia matamshi ya mwenziwe.

Na ukipita Kibera siku moja, utakuta watu wa kila pembe ya Kenya, na nyumba zimebanana hata mti ni shida kuuona. Wengi wa wakazi hao hawajui kwamba jina la mtaa wao ni neno la Kinubi lenye maana ya msitu. Wanubi wenyewe hawasemi Kibera. Husema Kibra. Na tangu uchaguzi wa mwaka 2013, jimbo la uchaguzi la mahali hapo limeandikwa hivyo hivyo katika karatasi za serikali: Kibra.